Kebo salama dhidi ya moto

Kebo salama dhidi ya moto ni kebo ya umeme iliyoundwa isieneze moto, isitoe moshi wenye sumu, au iendelee kupitisha umeme huku ikiungua. Sifa hizi ni tatu tofauti, na madukani huchanganywa mno.

Waya za kawaida huvikwa PVC, plastiki ambayo, kabla ya kutiwa vilainishi, zaidi ya nusu ya uzito wake ni klorini. Klorini huifanya isishike moto upesi, lakini ikiungua hutoa moshi mweusi mzito na gesi ya kloridi ya hidrojeni, ambayo ikikutana na unyevu wa macho na mapafu hugeuka asidi. Nyumba ndogo yenye mlango wa karibu yatosheka na PVC bora. Hospitali, hoteli na maghorofa hufaa kuwekewa kebo zisizo na halojeni, yaani klorini na jamii yake. Ganda la kebo hizo huchanganywa mara nyingi na hidroksidi ya alumini, ambayo huachia mvuke wa maji kwenye joto la takriban nyuzi 200 za Selsiasi na hivyo kupoza moto.

Ving'ora, taa za dharura na pampu za zimamoto huhitaji kebo stahimilivu, yaani zinazoendelea kupitisha umeme zikiungua. Ndani yake shaba huzungushiwa utepe wa maika. Plastiki ikishakuwa jivu, maika hubaki kuzitenganisha nyaya. Ustahimilivu huo hupimwa kwa kiwango cha kimataifa IEC 60331. IEC 60332 hupima uenezaji wa moto tu, hivyo mnunuzi asome namba iliyochapwa kwenye ganda.

Unene wa shaba ni suala jingine: kwa kawaida milimita za mraba 1.5 kwa taa, 2.5 kwa soketi, na zaidi kwa jiko.