Ji Kang wa China na Hesabu ya Miaka ya Maisha Yake

Ji Kang, msomi, mshairi na mpigaji mashuhuri wa guqin katika dola ya Wei kaskazini mwa China, aliishi karne ya 3 baada ya Kristo, na mambo mengi kumhusu yanafahamika, tangu marafiki zake hadi mahali alipouawa, ila mwaka wa kuzaliwa na wa kufa ungali unabishaniwa. Vitabu vingi huandika 223–262, vingine 224–263, na wapo wanahistoria wa kale walioshikilia kwamba aliuawa mwaka 255. Tofauti hizo hazikutokana na uzembe wa waandishi, bali na namna Wachina wa kale walivyohesabu umri na miaka, na pia na uzito ambao kila mtafiti anaupa ushahidi mmoja kuliko mwingine.

Ji Kang alizaliwa katika wilaya ya Zhi, iliyomo katika jimbo la Anhui la leo, akaoa katika ukoo wa Cao uliotawala Wei, na kwa ndoa hiyo akapata cheo cha heshima katika utumishi wa serikali. Mwaka 249 ukoo wa Sima ulinyakua madaraka halisi na kuwaacha wafalme wa Cao na jina tupu, hivyo undugu uliokuwa fahari ukageuka kuwa hatari. Ji Kang aliishi Shanyang, mbali na ofisi za mji mkuu Luoyang, akijishughulisha na falsafa ya Kitao, muziki na kufua chuma, na kizazi kilichofuata kilimhesabu kuwa mmoja wa Wahenga Saba wa Msitu wa Mianzi, yaani kundi la wasomi waliosifika kwa kuzidharau taratibu za makasri.

Guqin, ala aliyoipiga na kuiandikia utenzi mrefu wa sifa, ni sanduku jembamba la mbao lenye nyuzi saba, ambalo hulazwa mbele ya mpigaji, mkono wa kulia ukizicharaza nyuzi na wa kushoto ukizibana au kuteleza juu yake ili kubadili sauti. Pamoja na utenzi huo aliandika risala ya falsafa inayodai kwamba sauti yenyewe haina huzuni wala furaha, na kwamba hisia hizo zimo moyoni mwa msikilizaji kabla wimbo haujaanza. Dai hilo lilipinga mafundisho ya wafuasi wa Confucius, walioamini kuwa muziki wa nchi hudhihirisha hali ya utawala wake, na ndiyo maana risala hiyo ingali inasomwa na wanafalsafa wa sanaa.

Kifo chake kilitokana na kesi ya rafiki yake Lü An, ambaye ndugu yake mwenyewe, baada ya kumtendea uovu mke wa Lü An, aliwahi mahakamani na kumshtaki kwa kukosa utii kwa mama yao. Ji Kang alisimama upande wa rafiki yake, na Zhong Hui, ofisa aliyekuwa na kinyongo naye, akaitumia nafasi hiyo kumshawishi Sima Zhao, mtawala halisi wa dola, awaue wote wawili. Historia rasmi ya nasaba ya Jin, iliyokamilishwa mwaka 648, inasimulia kwamba wanafunzi 3,000 wa chuo kikuu cha dola waliomba apewe wao awe mwalimu wao, wakakataliwa, naye akapiga guqin kabla ya kuuawa akisikitika kwamba wimbo uitwao Guangling San ungepotea pamoja naye. Wimbo wenye jina hilo, hata hivyo, umo katika kitabu cha noti za guqin kilichochapishwa mwaka 1425, na katika miaka ya 1950 bingwa Guan Pinghu aliufufua kutokana na noti hizo.

Historia hiyohiyo ya Jin inasema kwamba Ji Kang alikufa akiwa na umri wa miaka 40, lakini umri huo ulihesabiwa kwa desturi iitwayo sui, ambayo mtoto huwa na mwaka mmoja siku anayozaliwa na kuongezewa mwingine kila mwaka mpya unapoingia. Kwa sababu hiyo, aliyekufa mwaka 262 akiwa na sui 40 alizaliwa mwaka 223, wala si 222. Miaka yenyewe iliandikwa kwa jina la kipindi lililochaguliwa na mfalme, na mwaka wa Kichina ulianza wiki kadhaa baada ya Januari mosi, hata siku za mwisho za mwaka wa tatu wa kipindi cha Jingyuan, yaani 262, ziliangukia mwanzoni mwa mwaka 263.

Chen Shou, aliyeandika historia ya dola tatu za wakati huo, alitaja tu kwamba Ji Kang aliuawa katika kipindi cha Jingyuan, yaani kati ya 260 na 264. Waliofuata walitaka mwaka kamili, na kwa kuwa palikuwa na uvumi kwamba Ji Kang alikusudia kuunga mkono uasi wa jenerali Guanqiu Jian, uliozimwa mwaka 255, waandishi kama Gan Bao na Sun Sheng wakaona kwamba bila shaka aliuawa mwaka huohuo. Aliyelikosoa kosa hilo ni Pei Songzhi, ambaye sharhi yake juu ya kitabu cha Chen Shou ilikamilika mwaka 429. Pei alikumbusha kwamba Ji Kang aliandika barua ya kuvunja urafiki na Shan Tao, kwa sababu Shan Tao, alipokuwa ofisa wa kuteua watumishi, alitaka kumpendekeza ashike nafasi yake. Wasifu wa Shan Tao unaonyesha kwamba aliupata wadhifa huo mwaka wa pili wa Jingyuan, yaani 261, na mtu aliyekufa mwaka 255 hawezi kuikataa nafasi iliyopatikana miaka sita baadaye. Pei aliongeza kwamba Zhong Hui aliposababisha kifo hicho alikuwa msimamizi wa mkoa wa mji mkuu, wadhifa alioushika katika kipindi hichohicho cha Jingyuan.

Kwa hoja hizo mwaka 255 uliondolewa, ukabaki uchaguzi kati ya 262 na 263. Sima Guang, katika historia yake kuu iliyokamilika mwaka 1084, alikiweka kifo hicho mwaka 262, na anaungwa mkono na ukweli kwamba katika majira ya baridi ya mwaka huo Zhong Hui alihamishiwa magharibi kuandaa vita dhidi ya dola ya Shu. Upande wa pili, Ji Kang alisema katika barua yake kwamba mwanawe alikuwa na miaka 8, na wasifu wa mwana huyo, Ji Shao, unasema alifiwa na baba akiwa na miaka 10. Basi ikiwa barua iliandikwa mwaka 261, baba aliuawa mwaka 263. Anayeshikilia 262 hana budi kuirudisha barua nyuma au kuichukua kumi kuwa namba ya kukadiria.

Hoja ya Zhong Hui ina uzito zaidi, kwa kuwa inategemea uhamisho wa ofisa ulioandikwa pamoja na msimu wake, ilhali umri wa mtoto hukadiriwa kwa urahisi katika masimulizi ya familia. Kwa hiyo 223–262 ndiyo miaka inayofaa kutangulizwa, na mwandishi mwangalifu atataja kando yake 224–263, ili msomaji ajue kwamba namba zinazofuata jina la mtu wa kale ni hukumu iliyotolewa baada ya ushahidi kupimwa, na kwamba hukumu hiyo yaweza kukatiwa rufaa.