Sinema za mapadri: nani bado anazikumbuka?

Kabla ya uhuru wa 1960, sinema za Wakongo zilikuwa mikononi mwa wakoloni na wamisionari. Kwetu Kivu, Padri De Vloo alitengeneza filamu pale Bukavu, kwa jina la Africa Films. Kule Luluabourg, Kananga ya leo, Padri Van Haelst alitengeneza vichekesho vya Matamata na Pilipili. Kicheko kilibeba fundisho la padri. Alichofikiri mtazamaji, hakuna aliyekipiga picha.

Miaka ya 1990, Mbelgiji Tristan Bourlard alitengeneza filamu ya kumbukumbu juu ya Matamata na Pilipili. Vipande vya zamani vinaonekana humo, na watu wanasimulia. Bila masimulizi hayo tungebaki na upande wa padri tu.

Mtoto aliyekuwa na miaka 10 mwaka 1955 sasa anagonga 80. Familia nyingi za Fizi na Baraka zimekimbia zikiacha picha na makaratasi nyumbani. Waliyoyaona wazee wamekuja nayo kichwani. Mjukuu mwenye simu anaweza kurekodi: shuka jeupe lilitundikwa wapi, nani alitafsiri, watu walicheka nini?