Sam Karugu

Sam Karugu ni mpiga gitaa na mtayarishaji wa muziki wa hevi metali kutoka Nairobi, Kenya. Anafahamika zaidi kama nusu ya kundi la Duma, alilounda mwaka 2019 pamoja na mwimbaji Martin Khanja, maarufu kwa jina la Lord Spikeheart. Jina la kundi linatokana na neno la Kikuyu lenye maana ya giza, wala halimhusu mnyama duma wa Kiswahili.

== Usuli ==

Hevi metali ilianzia Uingereza mwishoni mwa miaka ya 1960. Albamu ya kwanza ya Black Sabbath, kundi la mjini Birmingham, ilitoka mwaka 1970 na huhesabiwa kuwa miongoni mwa misingi ya mtindo huo. Gitaa za umeme zenye sauti iliyokwaruzwa makusudi hazikuchelewa kufika Afrika. Katika miaka ya 1970 vijana wa Zambia walikuwa na roki yao, inayoitwa Zamrock, na bendi kama WITCH na Ngozi Family.

Jijini Nairobi kizazi cha baadaye kiliunda bendi za metali zilizopiga kwa mashabiki wachache lakini waaminifu. Karugu na Khanja walitokea huko, katika bendi za Lust of a Dying Breed na Seeds of Datura.

== Kutoka besi hadi utayarishaji ==

Kabla ya Duma, Karugu alikuwa mpiga gitaa la besi. Kundi jipya lilipoanza, aliliacha besi akashika gitaa la kawaida na kazi ya utayarishaji, huku Khanja akibaki na sauti.

Mabadiliko hayo si madogo. Katika muziki wa dansi wa zamani, kama ule uliorekodiwa Radio Tanzania Dar es Salaam, bendi ilifika studio ikiwa imekwisha kufanya mazoezi, na fundi mitambo alinasa kile kilichopigwa mbele ya maikrofoni. Katika Duma hakuna bendi kamili ya kunaswa. Mapigo hupangwa kwa mashine na kompyuta, kelele za viwandani hutengenezwa na kupangwa tabaka juu ya tabaka, kisha gitaa na mayowe ya mwimbaji huwekwa ndani yake. Mtayarishaji ndiye mpiga dramu, ndiye mpiga besi na ndiye mchanganyaji wa sauti.

Ugumu wa kazi hiyo ni nafasi. Gitaa lililokwaruzwa hujaza masafa mengi ya sauti kwa wakati mmoja, na mapigo ya kasi huacha mwanya mdogo baina ya pigo na pigo. Asipokuwa makini, mtayarishaji atapata mvumo mmoja usiotofautishwa. Kwa hiyo kila sauti hupunguzwa mahali fulani ili nyingine isikike.

== Albamu ya Duma ==

Albamu ya kwanza, yenye jina la kundi, ilirekodiwa kwa muda wa miezi mitatu katikati ya mwaka 2019 kwenye studio za Nyege Nyege mjini Kampala, Uganda. Ilitolewa Agosti 2020 na lebo ya Nyege Nyege Tapes. Miongoni mwa nyimbo zake ni "Lionsblood" na "Pembe 666". Albamu inaunganisha metali, panki na muziki wa kielektroniki wa kasi.

Lebo hiyo ndiyo iliyotoa pia *Sounds of Sisso* mwaka 2017, mkusanyo wa singeli kutoka studio ya Sisso, Mburahati, Dar es Salaam. Singeli na Duma ni mitindo tofauti, lakini yote miwili hutegemea mapigo ya kompyuta yanayokwenda kasi kupita kiasi.

== Mapokezi na umuhimu ==

Albamu ilipata sifa kwa wahakiki wa Ulaya na Marekani. Baadaye singo ya "Cannis" ilitolewa na Sub Pop ya Seattle, kampuni iliyotoa *Bleach*, albamu ya kwanza ya Nirvana, mwaka 1989.

Nyumbani njia haikuwa nyepesi. Metali mara nyingi huitwa muziki wa kigeni, au wa kishetani kwa sababu ya mayowe na alama zake. Hata tamasha la Nyege Nyege lilitangazwa kupigwa marufuku mwaka 2018 na Simon Lokodo, aliyekuwa waziri wa maadili wa Uganda, kabla ya kuruhusiwa kuendelea.

Mwaka 2024 Khanja alitoa albamu yake binafsi, *The Adept*. Kazi ya Karugu katika Duma imebaki kielelezo kwamba metali inaweza kutungwa, kurekodiwa na kutolewa ndani ya Afrika Mashariki, kwa mikono ya watu wake, bila kusubiri studio ya ng'ambo.