MWIZI MARA MBILI, MLA RIBA MARA NNE: FUNZO KUTOKA MASHAMBA YA WARUMI



Ndugu zangu katika imani, wapo wanaodhani kuichukia riba ni jambo la Waislamu peke yao. Hebu leo twende Roma ya kale, kwa watu walioabudu masanamu.

Takriban miaka 160 kabla ya kuzaliwa Nabii Isa (alayhis salaam), mkubwa mmoja wa Roma aitwaye Cato aliandika kitabu cha kilimo. Mwanzoni kabisa anaeleza kwamba wazee wao waliweka sheria: mwizi alipe mara mbili, mla riba alipe mara nne. Yaani kwao mla riba alikuwa mbaya kuliko mwizi!

Lakini tazama nafsi ya binadamu. Cato huyo huyo, kwa maelezo ya Plutarch, alikuja kuwakopesha kwa riba wafanyabiashara wa meli. Na ndani ya kitabu chake anamshauri mwenye shamba auze ng'ombe wazee, gari bovu, zana kuukuu, mtumwa mzee na mtumwa mgonjwa. Binadamu amewekwa fungu moja na vyuma chakavu!

Basi mashambani kukawaje? Askari wa Roma alikuwa mkulima mdogo. Alipokaa vitani miaka mingi, shamba lake lililala. Mwandishi Appian anasema matajiri walihodhi ardhi ya umma, kisha wakavichukua na vishamba vya majirani masikini, vingine kwa kununua, vingine kwa nguvu. Wakaweka watumwa walime.

Mwaka 133 kabla ya Nabii Isa, kiongozi kijana Tiberius Gracchus akapitisha sheria: mtu asishike zaidi ya takriban ekari 300 za ardhi ya umma, ziada wagawiwe masikini. Wakubwa wakamuua kwa marungu na vipande vya viti, yeye na watu zaidi ya 300, maiti zikatupwa mtoni. Zama za Kaisari Augustus, watu wapatao 200,000 mjini Roma walikuwa wakigawiwa nafaka ya bure, na meli zikiileta kutoka Misri na Afrika Kaskazini. Dola lililojengwa na wakulima, mji wake mkuu ukawa unalishwa kwa meli.

Sasa zingatia. Karne nyingi baadaye, Qur'ani ilishuka na sura yenye jina la Warumi, wale wa mashariki. Ndani ya Suratur-Rum, aya ya 39, Allah anatufahamisha kuwa mali inayotolewa kwa riba haizidi mbele Yake, na wanaozidishiwa ni watoa zaka. Subhanallah!

Ndugu yangu, Cato alijua haramu ya wazee wake, na elimu yake haikumzuia. Je, wewe unayemkopesha mkulima mbegu huku jicho liko kwenye shamba lake? Wewe uliyesogeza mpaka wa shamba la yatima? Mtume ﷺ ametuonya kwamba anayedhulumu hata shibiri moja ya ardhi atavishwa shingoni ardhi saba Siku ya Kiyama. Rudisha leo, kaburi halijakuita.

Ewe Allah, tutosheleze kwa halali Yako tusihitaji haramu. Aamin.

Mfikishie na mwenzako.