Mtoto aliyeandikishwa kama mtu mzima: historia ya kamba-koche wa kina kirefu

Kutoka Nyayo Highrise, Nairobi, hadi ufuo wa Mombasa ni kilomita 480 hivi. Ukifika huko, mnyama wa makala haya bado yuko mbali: anaishi kwenye mteremko wa bahari, mita 200, 300 au zaidi kwenda chini, kwenye tope na giza. Huku kandokando ya Kibera, ambako kitoweo cha majini ni omena na tilapia, si ajabu hajulikani. Ila hata Pwani kwenyewe, kamba-koche anayezungumziwa ni yule wa miambani, anayekamatwa na wapiga mbizi.

Mwaka 2025 mpango wa utafiti wa bahari wa Nansen, unaoendeshwa na Norway pamoja na FAO, ulitimiza miaka 50. Meli yake ya kwanza, Dr. Fridtjof Nansen, ilikokota nyavu katika maji ya Kenya mara kadhaa kati ya 1980 na 1983. Machi 1984 matokeo yakajadiliwa kwenye semina mjini Mombasa, ambako W. B. Mutagyera wa taasisi ya utafiti wa bahari, KMFRI, aliandika kuhusu kamba wa kina kirefu. Wawili kati ya hao wanatuhusu hapa: Metanephrops na Puerulus.

Wote ni wa oda ya miguu kumi, lakini wanafanana kwa mbali tu. Metanephrops ana magando membamba, marefu, yenye miiba, na jozi mbili za miguu zinazofuata nazo zinaishia kwa vibanio vidogo. Macho yake ni makubwa, yenye umbo la figo. Puerulus hana magando ya mbele. Silaha yake ni masharubu marefu kama mijeledi, na mgongoni ana ukingo uliosimama kama mkuku wa jahazi. Kwa hiyo Puerulus yuko ukoo mmoja na kamba-koche wa Lamu, ilhali Metanephrops ana jamaa hapa Kenya kwenye maji baridi: yule kamba mwekundu wa Marekani aliyetiwa Ziwa Naivasha mwaka 1970. Ukoo wao unaitwa Astacidea. Ule wa wasio na magando, Achelata.

Sasa njoo kwenye kioja chenyewe. Kamba-koche haanguliwi akiwa na umbo la wazazi wake. Anaanza akiwa bapa kama jani, mwili unaopenya mwanga, anaelea baharini kwa miezi mingi. Mwaka 1818 Mwingereza William Leach, akichambua wanyama waliokusanywa katika msafara wa mto Kongo wa 1816 (mkusanyaji mwenyewe, John Cranch, alifia safarini), alimpa jani hilo jenasi yake, Phyllosoma, kana kwamba ni mnyama kamili.

Baadaye jani hilo hujigeuza. Linakuwa kamba mdogo wa kioo asiyekula kitu, kazi yake ni kuogelea tu hadi kwenye mwamba. Huyu naye akawapiga chenga wataalamu. Mwaka 1897 Mjerumani Arnold Ortmann aliunda jenasi Puerulus, akawaweka humo viumbe hao wadogo pamoja na mnyama wa kina kirefu aliyeelezwa mwaka 1888 na Spence Bate, daktari wa meno wa Plymouth, kutokana na mkusanyo wa meli ya Challenger. Mwaka 1905 Mfaransa Bouvier akaongeza Puerulus atlanticus. Watoto wa kamba-koche wa kawaida walikuwa wakiandikishwa rasmi kama watu wazima wa kabila lingine!

Mwaka 1909 W. T. Calman wa jumba la makumbusho la London akalikata shauri: wadogo wale ni hatua ya ukuaji, na jenasi ibaki kwa yule wa kilindini, ambaye kweli ni mtu mzima. Nadhani Ortmann anastahili kuonewa huruma, maana mnyama wa kilindini hubaki na sura ya kitoto hadi uzeeni. Na jina halikufutika. Hadi leo mtafiti yeyote anamwita mtoto huyo wa kioo puerulus, kwa herufi ndogo, na yule wa kilindini Puerulus, kwa herufi kubwa.

Metanephrops naye alipita mikononi mwa wengi. James Wood-Mason wa Calcutta alieleza wale wa bahari ya Andaman, na wa kwetu wakabebeshwa jina hilohilo, andamanicus, kwa miaka mingi. Semina ya Mombasa ililitumia. Mwaka 1990 mtafiti Enrique Macpherson alionyesha kwamba wa Afrika Mashariki ni spishi nyingine, mozambicus. Mwaka 2013 Tin-Yam Chan wa Taiwan na wenzake wakaongeza spishi tano mpya za Puerulus.

KMFRI sasa ina meli ya Mtafiti, iliyokuwa Zeeleeuw ya Ubelgiji. Serikali nayo inahubiri uchumi wa buluu kila mkutano, na ule mkubwa wa 2018 ulifanyika papa hapa Nairobi. Katika orodha hiyo ndefu ya waliowapa majina kamba wa kilindini, tangu Calcutta hadi Taiwan, sijaona Mkenya, na hilo linaniuma kuliko bei ya kamba-koche kwenye hoteli za Nairobi.