Mapigano ya Kisiwa cha Wake

Wasomaji wetu wengi wamepata kusikia habari za Pearl Harbor. Habari za Wake (hutamkwa Weki, mtu asidhani ni wake wa fulani) wanazijua wachache. Ni visiwa 3 vidogo vya matumbawe vilivyokaribiana, mali ya Marekani, katika bahari ya Pasifiki, yapata kilometa 3,700 kutoka Honolulu.

Desemba 1941 walikuwako askari wa majini waitwao Marini, kama 450, na mafundi wa kujenga zaidi ya 1,100 ambao hawakuwa askari. Tarehe 8 eropleni za Kijapani zilikuja ghafula, zikateketeza 7 kati ya eropleni 12 za kisiwa. Tarehe 11 zikaja manowari zenye kuleta askari wa kushuka pwani. Meja James Devereux akawakataza watu wake wasipige mzinga hata mmoja mpaka zikaribie kabisa. Jambo hilo twalisifu kuliko yote, maana kupigwa nawe unao mzinga, ukanyamaza, si kazi ndogo. Zilipokaribia, mizinga ikanguruma: manowari Hayate ikazama. Ya pili, Kisaragi, ikazamishwa na eropleni. Waliosalia wakageuka.

Walakini tarehe 23 walirudi usiku kwa nguvu kubwa zaidi, na manowari za msaada zilizokuwa njiani ziliamriwa kurudi. Asubuhi Devereux akatoka na bendera nyeupe. Huko Wilkes, kisiwa cha kando, Marini walikuwa wamekwisha kuwashinda maadui walioshuka kwao; simu ilikuwa imekatika, hata wakamwona mkubwa wao akija kuwaambia waweke silaha chini!

Wasimuliaji wengi huishia hapo. Sisi twaona mafundi wamesahauliwa. Baadhi yao walibeba risasi za mizinga, wengine wakasaidia kuipiga. Mwaka 1942 mateka wengi walichukuliwa mbali kwa meli. Baadaye mafundi 98 wakabaki kisiwani kuwafanyia Wajapani kazi. Oktoba 1943 eropleni za Kimarekani zilikishambulia kisiwa, na tarehe 7 mkuu wa Wajapani, Sakaibara, akihofu kwamba Wamarekani watashuka, akaamuru mafundi wale wapigwe risasi. Mmoja aliponyoka. Kabla hajakamatwa na kuuawa, alichonga juu ya jiwe la matumbawe hesabu yao, 98, na mwaka. Sakaibara alinyongwa Guam mwaka 1947. Jiwe lipo hata leo. Jina la aliyelichonga halikujulikana.