Kabla ya Bahari ya Shamu: Sokwe wa Kale wa Uarabuni na Jamaa Zao wa Afrika Mashariki

Mahujaji wa kwetu wanaotua Jeddah na kupanda mabasi kwenda Makka hupita Shumaysi, mahali panapojulikana zaidi kwa kituo cha ukaguzi na kwa ujirani wake na Hudaibiya. Jina hilohilo limepewa pia tabaka za miamba ya sehemu hizo, mchanga na udongo uliogeuka jiwe, pamoja na mawe yenye chuma. Ndani ya tabaka hizo, Februari 2009, katika eneo la Harrat Al Ujayfa mkoani Makka, mtafiti Iyad Zalmout aliona sehemu ya fuvu la mnyama. Alikuwa katika msafara wa pamoja wa Idara ya Utafiti wa Jiolojia ya Saudia, yenye makao yake Jeddah, na Chuo Kikuu cha Michigan cha Marekani. Julai 2010 fuvu hilo lilitangazwa katika jarida la Nature. Umri wake ni kati ya miaka milioni 29 na 28.

Mnyama huyo aliitwa Saadanius hijazensis, kwa jina la Kiarabu la jamii nzima ya nyani na sokwe, na kwa Hijazi alikopatikana. Kilichobaki kwake ni uso, paji, kaakaa, meno ya juu na sehemu ya sikio. Kisogo na taya la chini havikuonekana. Wataalamu wanakadiria alikuwa na uzito wa kilo 15 hadi 20. Kwenye mfupa kuna matundu yaliyoachwa na meno ya mnyama mla nyama, na huenda ndiye aliyemuua. Waliokuwa wakiishi naye tunawafahamu kwa mifupa yao iliyotoka katika miamba hiyohiyo. Walikuwamo jamaa wa tembo wa siku hizo, pimbi walioizidi mbali miili ya pimbi wetu wa leo, na Arsinoitherium, mnyama mkubwa mwenye pembe mbili nene puani, ambaye ukimtazama ungedhani ni kifaru ilhali ukoo wake uko karibu na tembo. Nchi ambayo leo ni mawe meusi ya volkano na jua kali ilikuwa na maji na miti ya kutosha kuwalisha wote hao.

Sikio ndilo linalompa Saadanius uzito wake katika historia. Tumbili, kima, mbega na nyani wa Afrika na Asia wako upande mmoja wa ukoo, ambao hapa nauita wa kima. Upande wa pili, ninaouita wa sokwe, wako sokwe mtu, gorila, orangutanga, giboni na sisi wanadamu. Pande hizi mbili zina babu mmoja, na wote walio hai leo wana mrija wa mfupa unaoingia ndani ya sikio. Aegyptopithecus, aliyechimbuliwa katika bonde la Fayum nchini Misri na aliyeishi takriban miaka milioni 30 iliyopita, hana mrija huo. Saadanius anao. Lakini hana zile nafasi za hewa ndani ya mfupa wa paji wanazoonekana nazo sokwe wa mwanzo. Kwa hiyo hawezi kuhesabiwa kuwa sokwe, wala hawezi kuhesabiwa kuwa kima. Anasimama hatua chache kabla ya njia panda.

Waliomtangaza walitoka hapo na hoja nzito. Wataalamu wa vinasaba walikuwa wakisema kwamba ukoo wa kima na ukoo wa sokwe ziliachana kati ya miaka milioni 35 na 30 iliyopita. Zalmout na wenzake walisema hapana, kuachana huko kulitokea baadaye, kati ya miaka milioni 29 na 24. Walipingwa, na kwa maoni yangu waliowapinga walikuwa na haki katika jambo moja: bibi hafi siku mjukuu anapozaliwa. Ukoo wa zamani unaweza kuendelea kuishi muda mrefu baada ya matawi yake kuchipuka, na fuvu moja haliwezi kufunga mlango wa upande wa zamani, yaani kuthibitisha kwamba kuachana hakukutokea mapema zaidi. Hata hivyo, thamani ya Saadanius haikupungua. Kabla yake tulikuwa na pengo kubwa kati ya Fayum na sokwe wa kwanza wa Afrika Mashariki, na katika pengo hilo hapakuwa na uso hata mmoja wa kutazama.

Mlango wa upande wa pili ulifungwa Tanzania. Mwaka 2013, timu iliyoongozwa na Nancy Stevens wa Chuo Kikuu cha Ohio ilitangaza visukuku viwili kutoka bonde la ufa la Rukwa, kusini magharibi mwa nchi. Rukwapithecus fleaglei ni taya la chini lenye meno, na ndiye sokwe wa kale kuliko wote wanaojulikana. Nsungwepithecus gunnelli ni kipande cha taya chenye gego moja, naye ni wa upande wa kima. Majivu ya volkano yaliyolala pamoja nao yalipimwa, yakatoa umri wa miaka milioni 25.2. Maana yake, kufikia wakati huo ukoo ulikuwa umekwisha kugawanyika. Jina gunnelli ni heshima kwa Gregg Gunnell, ambaye pia ni mmoja wa waandishi wa makala iliyomtangaza Saadanius. Jina la mtu mmoja, kwa hiyo, linaunganisha Hijazi na Rukwa.

Nasema hivi kwa sababu ramani za shuleni zimetuzoesha vibaya. Tunaona Afrika huku na Uarabuni kule, katikati bahari, tukadhani ndivyo ilivyokuwa tangu mwanzo. Enzi za Saadanius bara lilikuwa moja. Bahari ya Shamu haikuwapo. Volkano kubwa za Ethiopia na Yemen zililipuka takriban miaka milioni 30 iliyopita, ardhi ikaanza kutanuka na kupasuka, na mpasuko huo ndio uliokuja kujaa maji. Ufa unaoshuka Turkana, Nakuru, Tanganyika na Rukwa ni wa mfumo mmoja na Bahari ya Shamu na Ghuba ya Aden. Kwa upande wa kaskazini, bara hilo moja lilikuwa limetengwa na Asia kwa bahari iliyokuja kuzibwa baadaye. Wanyama wa Hijazi na wa Rukwa walikuwa wa nchi moja, na hakuna mpaka wa kimaumbile unaotupa haki ya kuandika historia ya mmoja na kumwacha mwingine.

Kuanzia takriban miaka milioni 20 iliyopita masimulizi yanahamia kwetu, na hapo utajiri ni mkubwa. Koru, magharibi mwa Kenya, ilianza kutoa visukuku vya sokwe katika miaka ya 1920. Mwaka 1933 Arthur Tindell Hopwood akawapa jina Proconsul. Oktoba 1948, katika kisiwa cha Rusinga ndani ya Ziwa Viktoria, Mary Leakey aliona fuvu la sokwe lenye umri wa takriban miaka milioni 18. Sokwe huyo wa Rusinga sasa anaitwa Ekembo heseloni, kwa heshima ya Heselon Mukiri, Mkenya aliyechimba na akina Leakey kwa miaka mingi na ambaye jina lake halitajwi inavyostahili. Hakuwa na mkia, lakini alitembea matawini kwa miguu minne kama kima. Uganda nayo ina Morotopithecus, ambaye mgongo wake unafanana zaidi na wa sokwe wa leo.

Sasa turudi ng'ambo. Mashariki ya Saudia, Ad Dabtiyah, watafiti wa jumba la makumbusho ya viumbe la London walikusanya visukuku katika miaka ya 1970. Miongoni mwao kulikuwa na kipande cha taya la juu na meno machache ya sokwe aliyeishi takriban miaka milioni 17 iliyopita. Peter Andrews na Lawrence Martin walimpa jina Heliopithecus leakeyi mwaka 1987. Mwaka mmoja kabla yake, Richard na Meave Leakey walikuwa wamemtangaza Afropithecus turkanensis kutoka Kalodirr, magharibi mwa Ziwa Turkana. Wawili hao wanafanana sana, hata wapo wataalamu wanaosema ni jamii moja tu iliyopewa majina mawili. Mwenye taya la Turkana na mwenye taya la Saudia walitafuna vyakula vigumu kwa meno ya namna moja.

Tena Heliopithecus anasimama mlangoni. Wakati wake Uarabuni ilikuwa imekwisha kugongana na Asia, na daraja la ardhi lilikuwa wazi. Tembo walivuka, sokwe nao wakavuka. Baada ya hapo tunawakuta Uturuki na Ujerumani, na baadaye India na Pakistani. Wapo wanaoshikilia kwamba babu wa sokwe wa Afrika na wa binadamu alirejea Afrika kutoka Ulaya au Asia. Mimi sijashawishika. Nakalipithecus, aliyetangazwa mwaka 2007 na watafiti wa Kijapani na Kikenya kutoka Nakali, ana umri wa miaka milioni 9.9 hadi 9.8, na anaonyesha kwamba sokwe wakubwa walikuwapo Afrika wakati huo. Orrorin wa milima ya Tugen huko Baringo, mwenye miaka milioni 6, anafuata.

Binadamu wa leo alipotoka Afrika alikanyaga nchi ileile. Kwenye jangwa la Nefud, kaskazini mwa Saudia, mfupa wa kidole uliopatikana Al Wusta mwaka 2016 ulipimwa, ukaonekana una takriban miaka 85,000 au zaidi. Mahali paitwapo Alathar pana nyayo za watu zenye takriban miaka 120,000, zilizoachwa kando ya ziwa ambako tembo na ngamia walikuja kunywa maji. Na nyani wa milima ya Taif na Asir, wale wanaosumbua wenye magari barabarani, ni wa jamii moja na nyani wa Ethiopia, Eritrea na Somalia. Mlango wa bahari wa Bab el-Mandeb, unaowatenganisha, una upana wa takriban kilomita 30 tu.

Kuna jambo la makumbusho ambalo linanigusa. Fuvu la Rusinga lilipelekwa Uingereza mwaka 1948 na likakaa huko zaidi ya miaka 30 kabla ya kurejeshwa Nairobi. Taya la Dabtiyah liko London. Saadanius alibaki Saudia, na Wasaudi wamo katika orodha ya waandishi waliomtangaza. Hiyo ni hatua njema ambayo Afrika Mashariki ilichelewa kuipata.

Riyadh kuna Makumbusho ya Taifa yaliyofunguliwa mwaka 1999 katika eneo la Murabba, na ukumbi wake wa kwanza unahusu binadamu na ulimwengu. Nairobi kuna hazina ya visukuku isiyo na kifani, na Tanzania kuna Rukwa na Olduvai. Kutengeneza nakala ya fuvu hakuhitaji fedha nyingi, na mwenye asili haipotezi. Ningeomba makumbusho ya nchi hizi tatu yabadilishane nakala, Saadanius aonekane Nairobi na Dar es Salaam, na Rukwapithecus na Ekembo waonekane Riyadh na Jeddah, maelezo yakiandikwa kwa Kiarabu na Kiswahili. Waswahili wanaoishi na kufanya kazi katika miji hiyo miwili ni wengi. Wapelekeni watoto wenu makumbusho siku ya mapumziko, na muulizeni mhusika wa ukumbi fuvu la Hijazi liko wapi.